Chetezo cha Kidakani

Lamu, 14 Januari 1963

Mwanangu Rahima,

Asalaam aleykum. Mimi mzima, alhamdulillahi, ila magoti haya. Wewe je, na ami yako huko Mombasa? Kifua kimepona?

Tangu babako atangulie mbele ya haki nimo ndani, eda yangu naishika. Juzi mvua ilibandua plasta ya kidaka, kile kishubaka cha ukutani chumba cha ndani, nyuma yake kikatoka chetezo cha kufukizia udi. Ukitia makaa yakawaka, nje yake ni baridi kama mtungi. Jirani yetu Swafiya alinipelekea kwa sonara, Bwana Husseini, akakipitisha tupa, haikushika. "Mwambie Bi Umulkheir," akasema, "hii si shaba wala si fedha. Na aliyekijengea ukuta hakutaka kionekane." Mwoga yule, hata paka humkimbiza.

Kesho nataka kuifukiza kanzu ya babako nimpe mwalimu wa chuo cha Kurani, iwe sadaka. Mimi manukato sijipaki, niko eda. Lakini kanzu si mwili wangu, au vipi?

Mamako,
Umulkheir

Mombasa, 2 Machi 1963

Mama,

Nakuamkia. Hali yangu njema, kifua kimepona. Ya kwako ndiyo siijui. Ramadhani imekwisha, Idi imepita, na barua zangu hazina majibu. Ami anasema labda posa ya Abdulghafur imekuudhi. Kama humtaki, niambie mapema.

Mwanao,
Rahima

Lamu, 11 Machi 1963

Mwanangu,

Wa aleyki salaam. Sikuudhika. Kaa kitako nikusimulie, na usimwambie mtu.

Nilitia udi baada ya sala ya alasiri. Moshi ukanizunguka, mara babako huyo kitini pake, mzima, kikombe cha kahawa mkononi. "Ndoo hapa ukae, Umu," akaniambia. "Waogopa nitayamaliza mahamri?" Nawe ulikuwapo, mdogo, umenipa kichwa nikusuke. Ni alasiri ya zamani, siku ambayo halikutokea lolote. Nililia, naye akanicheka.

Udi ulipokwisha nikafungua mlango. Swafiya akapiga ukelele: Ramadhani imeingia na kutoka, na mlango wangu umefungwa! Nilifunga wapi, Rahima? Niliswali wapi? Sasa nalipa saumu, na eda sijui niihesabu vipi.

Abdulghafur namridhia. Chetezo nimekirudisha kidakani. Sikigusi tena.

Mamako

Mombasa, 6 Julai 1963

Mama,

Nakuamkia, na ami anakusalimu. Eda imekwisha sasa, huna la kukuzuia. Harusi ni baada ya Maulidi. Vuka Mokowe upande basi, Abdulghafur atakupokea.

Usilete kitu. Baba hayupo, na mimi nataka jambo moja tu: uniwekee mkono kichwani, uniambie kwa mdomo wako kuwa una radhi nami. Ya barua sitaki.

Mwanao

Lamu, 28 Julai 1963

Mwanangu,

Natumai u mzima. Mimi furaha imenikosesha usingizi. Mzigo nimefunga, leso zako zimo. Kesho asubuhi navuka.

Ila nitaondokaje bila babako kujua kuwa unaolewa? Nitatia kipande cha udi kama ukucha. Mara hii tu.

Mamako

Mombasa, 20 Oktoba 1963

Mama,

Nakuamkia. Nimeolewa. Kiti chako kilikaa kitupu, hakuna aliyethubutu kukikalia. Bibi mmoja akauliza, "Mamake biarusi yu hai?" Nikamjibu yuko safarini.

Mwanao

Lamu, 17 Mei 1966

Mwanangu,

Asalaam aleykum. Mzima wewe? Nimetoka sasa hivi, barua zako zimejaa chini ya mlango. Kumbe una mtoto, na umempa jina langu. Swafiya amekufa akazikwa, na mimi nilikuwa nyumba ya pili.

Babako hakusikia. Nilimwambia Rahima aolewa, akanijibu lile alilosema siku ile: "Sukari imekwisha?" Nikadhani nikimwambia vizuri zaidi atasikia, nikaongeza udi. Nikaongeza tena.

Usinikasirikie. Nakuja wiki hii. Wallahi nakuja.

Mamako

Lamu, 9 Februari 1969

Bi Umulkheir,

Hali yako sikuulizi, nimeiona. Barua hii naiacha kwenye sinia lako.

Tunahamia Maskati, na sidhani tutarudi. Nikasema nisiondoke bila radhi za mamangu. Bwana Husseini alinivunjia mlango. Moshi ulikuwa umesimama kama pazia, nawe ndani yake, uso ule ule wa siku ya maziko. Mimi uzazi umenizeesha, tungesimama pamoja wangetuita mtu na dadake. Ulikuwa unamsuka yule mtoto. Nilikuita. Ukainua macho ukasema, "Nani huyo? Bwana amepumzika, rudi kesho."

Nilishika kopo la maji niyazime makaa. Baba akacheka. Nikaliweka kopo chini.

Kheri, mwanangu mwenye jina lako, akaniuliza, "Yule bibi ni nani?" Nikamwambia simjui.

Rahima

Lamu, 1969, mwezi wataujua walio nje

Mwanangu Rahima,

Asalaam aleykum wewe na Kheri, popote mlipo. Sijui barua hii niipeleke wapi. Maskati ni mji mkubwa, nawe hukuacha anwani.

Nilikuona. Mwanamke wa buibui, mtoto mkononi. Nikadhani ni mtu wa mtaani amekuja kuomba chumvi. Kichwa cha Rahima nilikuwa nimefika nusu, sikutaka kukiacha.

Radhi zangu unazo, za duniani na za akhera. Ulikuwa nazo tangu siku ya posa. Nami nitake radhi kwa nani, nawe hunijui?

Bwana Husseini amesema baada ya swala ya Ijumaa atakuja akichukue chetezo akakizamishe kilindini. Nimemkubalia. Yeo ni Alhamisi. Uso wako wa ukubwani sikuutazama, na wa Kheri siujui. Ule wa udogoni ndio nilionao.

Nakomea hapa, mama. Makaa yamekolea.

Mamako