Nusu ya Maneno Yangu

Jumanne, 5 Machi

Nimepewa daftari na kalamu. Mlinzi amesema wewe si mfungwa, ruksa kuandika. Nikamwambia kama si mfungwa basi nifungulie. Akacheka. Si mfungwa, lakini hutoki!

Walinichukua jana saiti ya ujenzi, koleo mkononi. Nikauliza nimefanya nini. Afisa akasema hujafanya — tunazuia usije ukafanya. Sijapata kusikia. Mtu kufungiwa la kesho!

Saruji imenikaukia kwenye kucha. Maji ya hapa ni ya kunywa tu.

Jumatano, 6 Machi

Chumbani niko na mzee mmoja, fundi redio. Jaji alishaamuru aachiwe. Alipofika getini wakampa amri mpya, wakamrudisha ndani. Anasema, mimi nimeachiwa, mwanangu, ila sijafika hata kituo cha basi. Akacheka mpaka akakohoa.

Kanifundisha. Hata wao sheria imewawekea mpaka. Lazima wakwambie sababu. Lazima upate wakili. Lazima bodi inayopitia amri za kizuizi ikusikilize, na ikiona sababu haitoshi, utoke. Usiombe, akasema. Dai. Anayeomba hupewa chai, anayedai hupewa sababu.

Nadhani ni habari ya mgomo. Mtu wa winchi alikanyaga ubao uliooza, akaanguka toka ghorofa ya tatu. Tukasema hatupandi mpaka mbao zibadilishwe. Lakini tulisema wote! Mbona nimechukuliwa peke yangu?

Alhamisi, 7 Machi

Nimedai. Nimesimama mlangoni nikadai kwa sauti. Mlinzi ananiita mwanasheria wa zege.

Shemeji kaleta sabuni na fulana. Hawakumruhusu kuniona. Ni mdogo wa mke wangu, mimi ndiye niliyemleta huku ugenini. Nikamwonyesha kushika koleo, nikamwonyesha kukwepa nyapara akiamka na hasira. Tunalala chumba kimoja, tunapakua sufuria moja. Mungu ambariki. Atajua namna ya kumwambia dada yake bila kumtia presha.

Jumamosi, 9 Machi

Wakili amekuja. Mwanamke kijana, viatu vimejaa vumbi, ananiita kaka. Kawabana mpaka afisa akasoma sababu mbele yetu.

Kwamba nilisema: siku ya kumwaga zege, tukiliacha katikati, ghorofa itakuja kuwaangukia watu. Kwa hiyo mimi ni hatari kwa usalama.

Nilisema kweli. Sikatai. Lakini hiyo ni nusu! Nikaendelea: kwa hiyo siku ya zege tusigome, tumalize, tugome kesho yake. Zege haliachwi njiani. La leo halishikani vizuri na la jana, ufa unabaki humo humo, na juu yake watakuja kulala watoto wa watu. Aliyetaka tutupe koleo katikati ya kazi, ili tajiri aumie, si mimi. Mimi nilikuwa namtuliza.

Namtuliza nani? Hayo niliyasema chumbani kwetu, jiko linawaka, tunasubiri chakula kiive. Tulikuwa wawili tu.

Nikamwomba afisa asome tena. Akasoma tena. Yale yale.

Shemeji.

Jumapili, 10 Machi

Sijala. Mla nawe hafi nawe — nilikuwa nawatania wenzangu kwa msemo huo.

Nimevua ile fulana. Mzee kaniuliza kama aivae. Nikamwambia vaa. Kapendeza.

Jumatano, 13 Machi

Wakili anasema sababu zao ni nyepesi, maana hakuna kitendo, ni maneno tu. Ila bodi itauliza maneno yaliishia wapi, na wa kuyamalizia ni mmoja. Kaka, nimemwita.

Nikasema simtaki, sitaki hata kumwona.

Akasema hujaambiwa umpende, kaka. Tunataka aseme. Bila yeye, ni neno lako peke yako, na wewe ndiye wanayemwogopa.

Mimi wa kuogopwa! Mke wangu akisikia atacheka. Mimi ninayemkimbia hata jogoo wa mama yake.

Bodi ni keshokutwa.

Ijumaa, 15 Machi

Niko kwenye benchi, kwenye ujia, nje ya chumba cha bodi. Naandikia gotini.

Shemeji amekuja moja kwa moja kutoka saiti. Helmeti kaishika kwapani. Nyeupe! Sisi wa zege tunavaa za njano. Nyeupe ni ya wasimamizi.

Akanipa shikamoo. Nikaitika, mdomo una mazoea yake.

Akasema nyapara alimuuliza tunazungumza nini usiku, naye akadhani ni maongezi tu. Nikamuuliza, na ile nusu ya pili? Akasema hakuniuliza, shemeji.

Nikamuuliza dada yako anajua niko wapi. Kainamisha kichwa. Akasema nilimwambia umehamishiwa saiti ya mbali, hakuna mtandao.

Kumbe mke wangu ananisubiri nipige simu! Labda ananikasirikia.

Nikasema leo utasema yote? Akasema haki ya Mungu, nitasema. Macho kayaelekeza mlangoni.

Wamemwita. Nami nikainuka, mlinzi akanikalisha. Shahidi anasikilizwa kwanza peke yake, ili asitishike. Wanamlinda dhidi yangu! Wakili kapinga, sauti yake naisikia, anasema mtu ana haki ya kumsikia anayemsema. Mwenyekiti kasema mimi nitaitwa baadaye.

Mlango wao haufungiki vizuri.

Wakili anauliza. Alisema zege likiachwa katikati ghorofa itaanguka, sivyo? Ndiyo, anajibu shemeji, haraka, kama mtu aliyefunzwa.

Halafu akasema nini?

Kiti kinalia. Mlinzi wangu naye kaacha kutafuna njiti, kainamia mlango.

Wakili anauliza tena, polepole. Halafu, bwana, akasema nini?