Kidole cha Profesa

Dada yangu,

Huku sote wazima, na paa limeacha kuvuja. Kazini ndiko kunakonichefua. Tulipata barua ya ngozi ya miaka ya mwanzo ya Uislamu, ambamo padri anamshukuru jirani yake Mwislamu kwa kumlindia kanisa. Sasa profesa wangu amejijengea jina kwa kuandika kwamba dini hizi mbili zilianza kwa uadui. Akalamba kidole, akausugua ule mstari wa shukrani mpaka ukafutika, kisha akajipangusa kwenye suruali. Mate yake yalibaki yaking'aa pale kwenye ngozi. Kwenye ripoti kaandika, "Umeliwa na wadudu," akanisogezea nitie sahihi kama shahidi.

Mama asijue. Nilisaini kwa kalamu aliyonipa siku ya mahafali.

Mdogo wako