Nimerudishwa Kazini, Sasa Naambiwa Mimi ni Mgeni

Shangazi Mashavu, asalaam aleikum. Naomba unisaidie kabla ya Alhamisi, maana siku hiyo natakiwa kutia sahihi. Mimi ni Mwanalima, mzaliwa wa kisiwa cha Ngumi, napaa samaki magamba katika kiwanda kimoja hapa Kismayu, na kila miezi mitatu hupewa mkataba, huu ulikuwa wa kumi na mbili, basi nikajifungua, nikaomba ruhusa ya siku arubaini, nikakubaliwa kwa mdomo, na niliporudi mlinzi wa langoni akaniambia, kwa Kisomali chake, "Walaal," yaani dada, "jina lako halipo," na mkataba wangu ulikuwa umebakisha wiki tano, nikakaa pale chini na mtoto mgongoni nikalia.

Msimamizi wetu Bakri, Mungu amlipe, alinikuta hapo, akaingia kwa meneja bila hata kuvua mabuti, tukamsikia sote kwa Kibajuni chetu: "Mchu huyu kazi nimemfundisha mimi, na ruhusa aliniomba mimi. Kosa lake lipi?" Kesho yake nikarudishwa, na kila nikisali namwombea dua. Sasa ofisi imeleta karatasi inayosema mimi ni mfanyakazi mpya, miaka yangu mitatu haimo, na naweza kuachishwa siku yoyote bila taarifa, na Bakri ananiambia, "Dada, tia sahihi tu, usinitie aibu." Mume wangu Aboud asema nisimvunje moyo aliyenitendea wema. Naona haya kukataa, naogopa kukubali. Nifanye nini?

Mwanalima, Kismayu

Mwanalima mwanangu, hongera kwa kujifungua salama. Shukrani yako ni nzuri, usiipunguze hata chembe. Lakini Bakri hakukupa kazi. Alikurudishia kazi yako mwenyewe. Mlipe kwa dua na maneno mema, usimlipe kwa haki yako na ya mwanao. Na nikugombeze kidogo: ruhusa ya siku arubaini unaikubalije kwa mdomo? Mdomo hauna sahihi.

Hiyo karatasi usiiguse. Kusanya mikataba yako yote, itoe nakala, ya asili ibaki nyumbani. Nenda kwa meneja pamoja na Bakri, uombe kwa adabu iandikwe siku uliyoanza kazi hasa, na kwamba huachishwi bila sababu wala bila taarifa ya mwezi. Akikataa, mwambie unaipeleka kwanza kwa wanaoshughulikia mambo ya kazi mjini waisome.

Wasikilizaji, Alhamisi isingengojea kipindi, kwa hiyo haya nilimwambia kwa simu. Jana kanipigia yeye. Meneja alinuna, lakini siku yake ya kuanza kazi ameiandika, na taarifa ameiweka wiki mbili, si mwezi. Mwanalima amekubali, alhamdulillahi, na mimi naona amefanya vyema. Bakri, aliyekuwa amesimama mlangoni, aliichukua karatasi ile akaisoma mara mbili, kisha akamgeukia meneja: "Na mimi niandikie kama hii. Mwaka wa saba natia sahihi ile ya mfanyakazi mpya."