Paka wa Saidati

Gisenyi, 6 Februari 1999

Kwako Mama Ineza,

Salaam. Natumaini ulifika Mahoko salama na mama yako anapata nafuu. Mjukuu wangu anakula? Huku sisi wazima, isipokuwa paka wangu.

Ananijia, anafungua kinywa, koo linatetemeka, lakini sauti haitoki. Akiona ndege dirishani, taya zinagongana tu, kimya. Nikumbuke nini, kama si ulivyolalamika kwamba anamwamsha mtoto? Na ulivyokuwa ukinong'onezana na jirani yetu Mukabera uani? Ulimpa dawa gani? Wanawake wenzangu wa msikitini nimewaeleza. Nshuti akirudi kutoka Kigali, nitamwambia aliyoyafanya mkewe.

Mama mkwe wako,
Saidati

Mahoko, 11 Februari 1999

Mama,

Nakusalimu kwa heshima. Mama yangu iko bado kitandani, lakini uji anakunywa. Ineza ameota meno mawili.

Barua yako ilinifanya nishindwe hata kula. Mi sikumupa paka kitu. Siku niliyoondoka alilia mpaka Jack, dereva aliyenileta huku, akauliza kama kuna mutoto mugonjwa ndani. Ulikuwa umesimama hapo hapo, hukugeuka. Na Mukabera hajui kunong'ona, mama, wote tunamujua.

Zamani paka alikusalimu kwa mlio mufupi, laini, nawe ukamujibu. Siku hizi anavuta sauti ndefu kama mutu aliyeachwa njiani. Bon, usinikasirikie. Muulize Mukabera anasikia nini.

Mtoto wako,
Uwamahoro

Gisenyi, 20 Machi 1999

Mwanangu Uwamahoro,

Amani kwako, kwa mama yako na kwa Ineza. Nimechelewa kujibu kwa kuona haya.

Kwanza nilikasirika. Baadaye nikamwita Mukabera, tukakaa barazani. Paka akaja, akafungua kinywa. Nikamtazama Mukabera: ameziba masikio. Kisha akaniinamia, akasema kwa nguvu, "Saidati, mbona humjibu? Anakuita."

Nilikwenda kupimwa masikio; daktari anasema sauti nyembamba ndizo zinazotangulia kupotea. Nzito bado nazipata. Basi nikaikumbuka ile siku uliyoniachia Ineza. Ulimkuta amelia hadi sauti imemkauka, nami chumba cha pili nashona. Ulimbeba, hukusema neno.

Nimerudi kwa wale wanawake, nikawaambia nilikusingizia. Mmoja alicheka. Nilistahili. Nshuti naye nimemweleza. Ila kwako sina uso. Kama hutaki tena nyumba hii, nitamwomba mumeo akutafutie chumba Rugerero.

Mama yako,
Saidati

Mahoko, 30 Machi 1999

Mama yangu,

Natumaini uko salama. Huku mama ameanza kutembea hadi kwenye migomba.

Mi pia niko na haya. Siku ile ya Ineza nilijua. Lakini nilijiuliza, nitamuambiaje mama mkwe kwamba masikio yake yamechoka? Nikanyamaza, nikaiita heshima. Kumbe nilikuogopa, nikakuacha peke yako.

Chumba cha Rugerero sikitaki. Tunakuja Jumamosi na basi ya asubuhi. Sitapiga hodi. Acha mlango wazi.

Mtoto wako,
Uwamahoro