Nilivyomtoa Mdogo Wangu kwenye Dhamana

Mjukuu wangu Tumaini,

Marahaba. Bibi yako mzima, ila mimi magoti yangu ndiyo yamegoma.

Unauliza kama umdhamini rafiki yako mahakamani. Mimi nilimdhamini mdogo wangu Kanuti, alipotuhumiwa kuiba mbuzi. Mara tatu hakufika, na mara tatu nikamwombea radhi kama mjinga. Nikamfuata kijijini Namswea, nikamkuta shambani anachimba ngoro, yale mashimo ya kukinga maji ya mvua mlimani.

"Kaka, mvua haimsubiri hakimu!"

Nilichoka. Nikaenda mahakamani kusema, "Mheshimiwa, huyu amenishinda." Dhamana ikafutwa, Kanuti akawekwa mahabusu. Mama hakunisemesha msimu mzima.

Sasa akawa analetwa na askari kila tarehe ya kesi. Kesi ikaisha upesi, akaonekana hana hatia. Kumbe huruma yangu ndiyo iliyokuwa ikimchelewesha! Hadi leo hajanishukuru. Ananiuliza tu nani angelima lile shamba.

Babu yako