Wiki Mbili za Karoti na Mama Mkwe

Jumatatu, 3 Machi

Mke wangu ameondoka asubuhi. Kozi ya wiki mbili, mji mwingine. Nimebaki na mama yake.

Mama mkwe aliteleza bafuni wiki iliyopita. Mkono wa kulia umefungwa plasta ngumu kutoka kiwiko hadi vidole. Hawezi kushika kisu wala kumenya chungwa. Mimi nina mikono miwili mizima na sijui kupika. Ukituunganisha, labda tunafika mtu mmoja.

Maagizo ya mlangoni yalikuwa mafupi: mama ale. Amekonda, na hakuanza juzi alipoanguka. Ni miezi. Daktari amesema mfupa hauungwi na chai. Nikamwambia mke wangu asiwe na wasiwasi. Sijui nilimaanisha nini.

Mchana: mkate na mayai ya kuchemsha. Akala nusu yai, akasema ameshiba. Jioni: mkate na mayai ya kuchemsha. Akalitazama yai kama mtu aliyekutana njiani na jamaa anayemkwepa.

Anaishi kwetu mwaka wa pili sasa. Tunaheshimiana sana. Maana yake hatuzungumzi.

Jumanne, 4 Machi

Shemeji mkubwa, dada yake mke wangu, kanipigia simu kazini. Nilikuwa kwenye mashine nikisaga lenzi ya mteja, ikabidi niizime. Anataka kumchukua mama akakae kwake. "Kwangu hatagusa hata kijiko," alisema. "Atakaa, atapumzika, basi." Atakuja Jumapili ya tarehe kumi na sita, siku mke wangu anayorudi, walimalize.

Niseme ukweli, hapa hakuna wa kunisoma. Nilifurahi. Nilianza kufikiria kile kiti cha dirishani kikiwa changu tena.

Jioni nikamuuliza mama angependa kula nini. Akapangusa makombo mezani kwa mkono wa kushoto kwanza.

"Karoti," akasema.

"Karoti, mama?"

"Za siagi na asali na chumvi. Za kuwekwa pembeni ya wali. Hata mtoto anaweza."

Kanitukana na kunitia moyo kwa pumzi moja. Lakini ana haki. Alikuwa mpishi mkuu wa chuo cha ualimu miaka ishirini na tisa. Sahani mia nne kila mlo. Wapishi wadogo walikuwa wakimletea mwiko aonje, na asipotikisa kichwa kukubali hakuna aliyepakua.

Jumatano, 5 Machi

Jaribio la kwanza. Nimeandika maelekezo yake kama yalivyo.

"Karoti kiasi gani, mama?"

"Kiasi."

"Siagi?"

"Ya kutosha."

"Nikate unene gani?"

"Unene wa karoti."

Mimi ni fundi miwani. Kwetu nusu milimita ni mtu kugonga mlango. Nilikuja na kipimo cha kazini, kile cha kupimia unene wa lenzi, nikakata vipande vyote milimita nne. Dakika hamsini. Vilipendeza kweli. Mama alivitazama kwenye ubao akaniuliza kama nitavipika au nitavitia kwenye fremu.

Kisha nikaanza na asali. Haikutakiwa kuanza. Ilitoa povu, ikawa nyeusi, ikang'ang'ania kikaango. Mama alikuwa sebuleni, mlango wazi, hatua sita. Hakusema lolote mpaka moshi ulipopita mbele ya televisheni.

"Kuna kitu kinaungua?" akauliza.

Tumekula mkate. Mayai yalikuwa yameisha, na naona hilo lilimfurahisha.

Ijumaa, 7 Machi

Jaribio la pili, asubuhi kabla ya kazi. Safari hii alinipa mpangilio. Karoti kwanza, na siagi, na maji ya kulowesha chini tu. Funika. Zikianza kulainika, funua, maji yakauke. Ndipo chumvi, bizari nyembamba kidogo, asali. Geuza mpaka zing'ae. Zima moto, kamulia ndimu.

Ziling'aa. Nilisimama nikizitazama kama nimezizaa.

Mama akatia moja mdomoni. Akatafuna akitazama dari. "Chumvi imepungua."

Nikaongeza. "Bado." Nikaongeza tena. "Hapo sasa." Akala vipande vitano. Nilihesabu.

Zilizobaki nikazipeleka kazini mchana. Bosi akala kimoja akaenda moja kwa moja kwenye mtungi wa maji. Dada wa mapokezi akaniuliza kwa upole kama nyumbani tuna ugomvi. Nikawaambia ulimi wa mpishi mkuu hauko sawa na wa kwetu sisi watu wa kawaida. Nilikuwa nikijigamba kwa ajili yake. Jambo geni.

Jumamosi, 8 Machi

Mke wangu alipiga simu katikati ya jaribio la tatu. Mama anakula? Anakula. Kiasi gani? Kiasi, nikasema. Nimeanza kuongea kama wao.

Tulizungumza sana. Nilipokata simu nikageuza, nikakamulia ndimu, nikapakua.

Mama akaonja. "Leo chumvi imezidi," akasema. "Lakini asali umeipatia."

Nikarudi jikoni nimefurahi nusu. Pakiti ya chumvi nilikuta iko kabatini, juu, nilikoiweka jana. Chupa ya asali ilikuwa na mfuniko wake. Nikaonja. Karoti, siagi na ndimu. Hamna kitu kingine mle.

Nimekaa kwenye ngazi ya mlango wa nyuma robo saa nzima.

Jumapili, 9 Machi

Nimefanya jambo la aibu. Asubuhi nilimpa mama chai bila sukari. Yeye hunywa vijiko vitatu. Nikasimama pale nikijifanya nafuta meza.

Akanywa mafunda mawili. "Imekolea. Asante, baba."

Nikashika njia ya jikoni.

"Rudi," akasema. Nikarudi. Alikuwa ameshika kijiko nilichomwekea kando ya kikombe, kwa mkono wa kushoto, amekiinua kwenye mwanga. "Kijiko kikavu. Umekoroga nini na kijiko kikavu?"

Miaka ishirini na tisa ya kukagua jiko la watu. Nikasema sijui. Akasema najua. Nikasema samahani, mama.

Akaniambia nikae. Ni tangu ile homa ya mwezi wa kumi. Alipona homa, harufu na ladha hazikurudi. Alidhani wiki moja. Ikawa mwezi. Sasa kila anachotafuna ni kama kitambaa.

"Kwa hiyo chumvi imepungua, chumvi imezidi..."

"Nilikuwa nakisia. Ukimwambia mpishi mdogo chumvi imepungua, mara nyingi unapatia."

Nikacheka kabla sijajizuia. Naye akacheka, kidogo, kisha macho yake yakaelekea dirishani. Anataka karoti kwa sababu zinayajibu meno. Zina rangi. Anajua zikoje hata asipozionja.

"Usimwambie mwanangu," akasema. "Na yule mkubwa ndiyo kabisa. Wataninyang'anya jiko. Nitakaa kwenye kochi la watu nikisubiri kuletewa sahani."

Nimemwahidi. Sikutafakari, nimeahidi tu.

Jumatano, 12 Machi

Tumebadili utaratibu. Kiti chake nimekihamishia mlangoni mwa jikoni. Yeye anasikiliza na kutazama, mimi naonja. Siagi ikilia kwa sauti ya juu, anasema punguza moto. Ikinyamaza, anasema maji yamebaki, subiri. Mimi nalazimika kumwelezea ladha, na hapo ndipo kazi ilipo.

"Ikoje?"

"Tamu, mama."

"Tamu ya wapi? Mbele ya ulimi au nyuma? Chumvi inafika lini, kabla ya asali au baada?"

Sijawahi kuulizwa maswali magumu hivi tangu mtihani wa ufundi. Nikaonja nimefumba macho. Nikamwambia asali inatangulia, chumvi inakuja nyuma kama mtu aliyechelewa mkutano, na ndimu inafunga mlango.

"Basi ndiyo yenyewe," akasema. Akala sahani nzima. Na wali.

Nilimgusia habari ya daktari. Akasema daktari atamcheka, mtu mzima analilia ladha. Nikamwambia wateja wangu nao huja wakiwa wameshagonga nguzo, kwa kuogopa kuchekwa, na hakuna ninayemcheka mpaka atoke. Akanipiga bega kwa ule mkono wa plasta. Unauma.

Leo tumezungumza saa mbili. Nimegundua ana maneno mengi sana juu ya shemeji mkubwa.

Ijumaa, 14 Machi

Sitaki kuandika ya leo lakini nitaandika.

Nimerudi saa kumi. Nimefungua mlango na harufu ikanipiga usoni. Gesi. Mama alikuwa palepale mlangoni mwa jikoni, kwenye kiti chake, anachambua mchele kwa mkono mmoja, ametulia. Alikuwa amejaribu kubandika maji ya chai. Moto ulizimwa na upepo wa dirishani. Swichi ya jiko ilikuwa bado imefunguliwa.

Nilifunga mtungi, nikamtoa nje, nikafungua kila kinachofunguka. Kisha nikakaa kando yake.

"Tangu saa ngapi, mama?"

"Sijui," akasema. "Hicho ndicho kibaya, baba. Sijui."

Hatukupika. Mke wangu alipiga simu, nikasema tuko salama. Ni kweli, wakati ule tulikuwa salama. Lakini nilipokata simu mama alinitazama, mimi nikatazama chini.

Jumamosi, 15 Machi

Nimemwambia mama ahadi yangu imekuwa nzito. Nimemwambia namtaka abaki hapa, na nimeshangaa kujisikia nikisema. Lakini namtaka abaki akiwa hai. Kwanza ajulishwe mke wangu, halafu daktari.

Akasema atafikiri. Kisha akasema kesho karoti atapika mwenyewe, kwa mkono wa kushoto, kwa ajili ya binti zake, na mimi nisikanyage jikoni.

"Na kuonja?"

"Nimepika miaka ishirini na tisa," akasema.

Nikasema jiko nitaliwasha mimi na kulizima pia ni mimi, zaidi ya hapo sikanyagi. Hapo tukakubaliana. Hiyo ni ya kesho, lakini tulifanya mazoezi leo.

Jumapili, 16 Machi

Naandika chumbani. Nimewaambia nimekuja kubadili shati. Nina glasi ya tatu ya maji.

Mke wangu alifika saa nne, shemeji mkubwa saa sita. Shemeji alipita nyumba nzima akigusa vitu, akaona kiti mlangoni mwa jikoni, akasema, "Mnamfanya mama mlinzi?" Mama alikuwa amefunga kitambaa kichwani kama siku zake za chuoni. Karoti zilikuja mezani zinang'aa kuliko zangu zote. Mke wangu alipiga picha.

Wakatia mdomoni pamoja.

Mke wangu aliacha kutafuna. Shemeji alichukua karatasi ya kujifutia, akageukia pembeni. Mimi nikaonja, na hapo nikaelewa mkono wa kushoto haujui kubana chumvi. Ilikuwa bahari.

"Mama," shemeji akasema, "hivi umeonja?"

Mama aliweka kijiko chini. Alikuwa na sura ambayo sijaiona hata siku ya gesi.

"Chumvi nilitia mimi," nikasema. "Nilipitiwa. Mama alikwisha kutia, nami nikatia tena."

"Wewe? Nimemkuta mama jikoni peke yake."

"Kabla hujafika."

"Tena mimi nazipenda hivi," nikaongeza, jambo ambalo halikuwa na haja. Nikavuta bakuli kwangu. Nikala. Walinitazama nikila. Nilikula bakuli zima, kipande kimoja kimoja, nikitabasamu, mpaka mke wangu akaniambia kwa sauti ya chini niache. Ndipo nikasema naenda kubadili shati.

Ukuta huu ni mwembamba. Shemeji anasema imetosha, mama atapakiwa leo leo, nyumba hii hata chumvi wanaigombania. Mke wangu anasema subiri, dada. Dada anasema anasubiri nini.

Sasa mama anaongea. Sauti yake haikupanda.

"Mwacheni huyo. Hajagusa sufuria. Nimetia mimi, na sikuijua."

"Hukuijua vipi, mama?"

Kiti kinasogezwa. Anaongea tena, polepole mno, nami nasikia maneno mawili matatu tu. Homa. Mwezi wa kumi. Gesi.

Glasi imeisha. Ningetoka, lakini sijui nitoke na uso gani, na shati bado ni lile lile.

Hatua kwenye korido. Mke wangu amefungua mlango. Amenitazama, akatazama daftari, wala hakuuliza ninaandika nini. Amefunga mlango nyuma yake akauegemea.

"Kwani wewe," anasema, "ulikuwa unajua tangu lini?"