Kokwa Kwenye Mikate ya Tende

Mwaka mmoja umepita, Dada, tangu ututoke asubuhi ile, unga wako ukiwa umeumuka kwenye beseni na hakuna aliyekumbuka kuuoka.

Familia imeniachia mimi niandike, mdogo wako, yule uliyemwita Kiguu na Njia mpaka majirani wakasahau jina langu.

Tunakukumbuka jikoni. Tende ulizitoa kokwa kwa vidole, kisu hukukitaka; ulisema kisu hakina macho. Ukaziponda na iliki na siagi kidogo, ukazifungia ndani ya donge la unga, ukalibana kwa chini kama mdomo wa mtu mwenye siri. Harufu ikishatoka tu, jirani wa juu anashuka kuazima chumvi. Kila mara chumvi. Hukumuuliza hata siku moja chumvi yote hiyo anaitia wapi. Ulimfungia mikate miwili kwenye kitambaa, naye akapanda zake bila chumvi.

Mumeo, fundi viatu wetu, alikuwa hangoji mikate ipoe. Anakula amesimama, anaungua ulimi, halafu analaumu oveni.

Na ile sheria yako. Kila ukioka, uliacha kokwa moja makusudi. Atakayeiuma ndiye ataosha trei zote, na mlangoni hatoki mpaka zikauke. Mgeni, mwenyeji, mwenye haraka zake, wote sawa.

Mimi kokwa ilinipenda. Unajua maisha yangu: nimepakia mizigo, nimepaka rangi nyumba za watu, nimelinda maghala katika miji ambayo hata sikumbuki nililala wapi. Nikikaa kwako siku kadhaa miguu inaanza kuniwasha. Nikifunga begi, wewe unakanda unga. Nikiuma mkate, kaa! Meno yamegonga kokwa. Nanung'unika, naosha trei, basi linaondoka, nalala tena kwako. Shemeji alinicheka, akasema meno yangu yana bahati ya kazi.

Juzi tulikusanyika kwa ajili yako. Binti yako aliingia jikoni akaoka kama ulivyomfundisha. Anarudi kwake na watoto, na baba yake atabaki peke yake na nyumba nzima. Hakuna aliyelitaja hilo. Begi langu lilikuwa mlangoni.

Nikala mkate wa kwanza, laini. Wa pili, laini. Nikauvunja wa tatu vipande vipande kwenye sahani.

"Mjomba, unatafuta nini?"

Nikamwambia natafuta kokwa.

Akafuta mikono kwanza. "Mama alikuwa haweki moja, Mjomba. Siku ukifunga begi, aliweka kwenye mikate yote. Sisi tulikuwa tunazitema kimyakimya."

Nikamgeukia shemeji. Akatazama viatu vyake. "Mimi nyingine nilimeza," akasema, "ili usishtuke."

Miaka yote hiyo, Dada. Meza nzima inatema kokwa viganjani, na mimi nalaani bahati yangu.

Nikamuuliza binti yako mbona leo hakuweka. Akasema hakutaka kunishika kwa hila. Nikitaka kwenda niende, na nikitaka kubaki, chumba changu kipo na baba yake atapata wa kugombana naye.

Mimi kukaa sijui. Hata ninapoandika haya mguu unatikisika chini ya meza, na kila gari likipita nje nasikiliza linaelekea wapi. Begi sijalifungua. Lakini juzi ile niliinuka, nikakusanya trei, nikaziosha zote bila kuuma kokwa yoyote. Jana shemeji akajitia kujaribu unga, akauunguza, na leo nimeziosha tena. Nimezipanga dirishani. Mawingu yametanda, zinakauka polepole, na sijamwomba mtu anipe kitambaa cha kuzifutia.

Unakumbukwa na mumeo fundi viatu; binti yako na mumewe; wajukuu zako, ambao sasa wanaijua siri; jirani wa juu, anayeshuka bado, ila siku hizi yeye ndiye anatuletea chumvi; na mdogo wako Kiguu na Njia, aliyeko jikoni kwako.

Hutatutoka moyoni, Dada, siku zote tulizobakiza.